Safari ya siku kadhaa na mwongoza watalii: kutoka Kimondo cha Mbozi hadi Matema, Kitulo na Kalenga

Kuna swali ambalo wasikilizaji wetu wa Vwawa, Mlowo, Tunduma na vijijini hutuuliza kila tunapozungumzia utalii. Hizi safari za kutembezwa siku nne au tano, unalala huku na kuamkia kule, ni za Wazungu peke yao? Na mtu wa kawaida mwenye shamba la kahawa au duka dogo, akijichanga na wenzake, anaanzia wapi?

Jibu fupi ni kwamba si za Wazungu peke yao, na ukiwa Vwawa una bahati ya kuanzia karibu. Jibu refu ndilo hili hapa. Tumeliandika ili ulisome kwenye simu taratibu, maana kwenye kipindi dakika hazitoshi.

Tuanze na maana yake. Safari ya kuongozwa ya siku kadhaa ni ile ambayo mtu mmoja au kampuni moja inapanga usafiri, malazi, chakula na viingilio, halafu mnapewa mtu wa kufuatana nanyi anayeyajua maeneo hayo. Mtu huyo ndiye mwongoza watalii. Mengine yote unaweza kujipangia mwenyewe ukiwa na simu na muda. Unachomlipia hasa ni kile anachokijua.

Mfano maarufu zaidi duniani uko Peru, Amerika ya Kusini. Huko kuna njia ya miguu ya Wainka, watu waliotawala milima ya Andes kabla Wahispania hawajafika miaka ya 1530. Wageni huitembea kwa siku nne, kilomita zipatazo 43. Njiani hupita magofu na hupanda mpaka zaidi ya mita 4,200 juu ya usawa wa bahari, kisha hushukia Machu Picchu, mji wa mawe uliojengwa mgongoni mwa mlima. Serikali ya Peru hairuhusu mtu kuipita njia ile peke yake. Lazima awe na mwongozaji mwenye kibali. Kwa siku moja wanaoruhusiwa kuanza safari ni watu 500 tu, wakihesabiwa humo waongozaji na wapagazi. Mwezi Februari, mvua zikiwa nyingi, njia hufungwa ifanyiwe matengenezo. Hapa kwetu Mlima Kilimanjaro nao haupandwi bila mwongozaji.

Kwenye Nyanda za Juu Kusini hali si hiyo kila mahali. Kimondo unaweza kwenda na bodaboda yako, ukalipa getini, ukapiga picha, ukarudi nyumbani kula ugali wa mchana. Wengi ndivyo wanavyofanya. Tatizo ni kwamba vitu vya kale vya kwetu havijielezi. Machu Picchu hata asiyejua kitu anaona kuta kubwa za mawe na kushangaa. Kwetu, asiyejua anaona jiwe jeusi, kichuguu cha udongo na korongo lenye kokoto. Kwa hiyo tunaona sisi ndio tunaomhitaji mwongozaji mzuri kuliko hata wale wa Peru.

Siku ya kwanza: Kimondo

Kimondo cha Mbozi kiko kijiji cha Ndolezi, kwenye mteremko wa Mlima Marengi, wilaya yetu ya Mbozi. Ni pande la chuma lililoanguka kutoka angani. Urefu wake ni kama mita tatu, na kimo chake ni kama mita moja na kidogo. Karibu asilimia 90 yake ni chuma, asilimia 8 na zaidi ni nikeli, na kuna shaba kidogo. Ni miongoni mwa vimondo vikubwa kabisa vinavyojulikana duniani. Kinachoongoza kwa ukubwa ni cha Hoba, nchini Namibia, kinachokadiriwa kuwa na tani 60.

Cha kwetu kina tani ngapi? Hapo ndipo unapompima mwongozaji wako. Maandishi mengi ya Tanzania yanasema tani 12. Maandishi mengine ya kitaalamu yanasema 16. Tofauti inatokana na kwamba hizi ni hesabu za kukadiria kutokana na ukubwa wake. Mwongozaji anayekutajia namba moja kwa kiapo amekariri. Anayekueleza kwa nini namba ni mbili, huyo amesoma, na siku zinazofuata utamwamini.

Kilianza kuandikwa mwaka 1930, baada ya mpima ardhi aitwaye W. H. Nott kukifikia. Wakati huo sehemu kubwa ilikuwa imefukiwa ardhini na kinachoonekana kilikuwa kipande cha juu tu. Baadaye udongo ulichimbwa pembeni, ukaachwa ule wa chini yake kama nguzo, kisha nguzo hiyo ikaimarishwa kwa zege. Ndiyo maana leo kinaonekana kama kimewekwa juu ya meza. Watoto wengi hudhani kiliangukia hapo juu. Mwongozaji anapaswa kuwaambia kwamba kimondo hakijainuliwa, bali ardhi ndiyo iliyoshushwa.

Angalia pia kisichokuwepo. Kitu kizito namna ile kikianguka kutoka juu kingetarajiwa kuacha shimo, lakini pale hakuna shimo. Wataalamu huichukua hiyo kama dalili kwamba kilianguka zamani sana, miaka maelfu iliyopita, na mvua na udongo vikapata muda wa kuliziba. Tazama vilevile yale mabonde madogo kwenye ngozi yake, kama alama za dole gumba kwenye udongo mbichi. Hayo hutokea kimondo kinapopita hewani kwa kasi kubwa huku uso wake ukiyeyuka kwa joto. Utaona pia alama ya mahali kilipokatwa kipande kwa ajili ya uchunguzi. Usijaribu kuongeza yako. Kimondo kinalindwa na Sheria ya Mambo ya Kale ya mwaka 1964, na kilitangazwa kuwa urithi unaolindwa mwaka 1967. Kwa sasa kiko chini ya Mamlaka ya Hifadhi ya Eneo la Ngorongoro.

Tarehe 30 Juni kila mwaka dunia huadhimisha siku ya vimondo iliyowekwa na Umoja wa Mataifa. Ukipanga safari yako siku hizo, Ndolezi huwa na watu wengi kuliko kawaida. Kwa wengine hiyo ni raha, kwa wengine ni kero.

Siku ya pili na ya tatu: Ngozi na Kiwira

Kutoka Mbozi mnakwenda Mbeya, mnafika Uyole, mnakata kulia kuelekea Tukuyu. Malazi ya siku mbili hizi ni bora yawe Tukuyu. Mji huo Wajerumani waliuita Neu Langenburg, na mvua yake haina msimu wa kupumzika kama ya kwetu. Hata kiangazi beba koti la mvua.

Ziwa Ngozi liko juu ya safu ya Uporoto, ndani ya shimo la volkano. Kingo zake zinafika mita 2,600 na kidogo juu ya usawa wa bahari, na ziwa lenyewe lina urefu wa kama kilomita mbili na nusu. Hakuna mto unaoonekana ukitoka. Ukisimama ukingoni unaliona lote chini yako, kijani au bluu kutegemea jua, na watu hupenda kusema lina umbo la bara la Afrika. Sisi tunaona linahitaji imani kidogo, ila waulize na watoto wako.

Njia ya kupanda inapita kwenye msitu wa mianzi na migomba ya porini. Mwanzo ni rahisi. Mwisho ni mwinuko mkali, unashika mizizi na kuvuta pumzi. Mvua ikinyesha udongo unakuwa kama sabuni. Hapa mwongozaji anafanya kazi mbili, kueleza na kulinda. Ataamua mapema kama mzee mwenye magoti mabovu aendelee au abaki chini na mtu mmoja. Atakataa pia vijana wasiteremke ukingo kwenda kuoga ziwani, maana kushuka kule ni kwa kuning'inia na kupanda tena kunamaliza nguvu. Mwongozaji anayeshindwa kukataa si wa kumlipa.

Utasikia hadithi kwamba Wajerumani walitupa mali zao ndani ya Ngozi wakikimbia vita. Isikilize, ni tamu, lakini mwulize anayekusimulia kama ni historia au ni simulizi. Jibu la "wazee husema" ni jibu zuri. Ubaya ni pale simulizi inapouzwa kama historia.

Jirani yake ni Mlima Rungwe, wenye kimo cha karibu mita 2,960. Msitu wake ndio maskani ya kipunji, nyani aliyetangazwa kwa wanasayansi mwaka 2005. Mwaka uliofuata wakabaini kwamba hana budi kupewa jenasi yake mwenyewe, jambo ambalo kwa nyani wa Afrika lilikuwa halijatokea tangu 1923. Wawindaji wa pale walikuwa na jina lake siku nyingi, na jina la kitaalamu likachukua lile lile la kwao. Usitegemee kumwona kwa ziara ya siku moja. Anakaa juu ya miti na ana woga. Misitu hii iko chini ya Wakala wa Huduma za Misitu, TFS, na vibali vinapatikana kwao.

Siku ya tatu ni ya Mto Kiwira. Daraja la Mungu ni mwamba uliojikunja juu ya mto kama daraja, uliotokana na uji wa volkano ulioganda huku maji yakiendelea kupita chini. Kijungu ni mahali ambapo mto unaingia kwenye tundu la mwamba kama chungu, unapotea, kisha unatokea mbele. Kijungu kiko eneo la chuo cha magereza, kwa hiyo mnaandikishwa kwanza na hampigi picha ovyo njiani. Miamba ya sehemu zote mbili ina utelezi na hakuna anayetoka akitumbukia pale. Picha ya kusimama ukingoni kabisa haina thamani hiyo.

Kama muda upo, pitieni misheni ya Rungwe, ambako Wamoraviani walianza kazi mwaka 1891.

Siku ya nne: Matema

Barabara inashuka kutoka kwenye chai na migomba ya Rungwe mpaka kwenye kakao na mpunga wa Kyela. Utalivua koti. Matema iko pembe ya kaskazini ya Ziwa Nyasa, Milima ya Livingstone imesimama pembeni mwa maji kama ukuta. Hapa ni mahali pa kupumzika, mle mbasa na wali wa Kyela. Anayetaka kuona kazi ya mikono aende Ikombe kwa mtumbwi kuwatazama akina mama wa Kikisi wakifinyanga vyungu. Vyungu hivyo husafirishwa mbali, na huenda kimoja kipo jikoni kwako.

Kabla ya kupanda mtumbwi hitaji jaketi okozi kwa kila mtu, hata kama mwenye mtumbwi atacheka. Upepo wa kusini ukianza, Nyasa huinua mawimbi ya kutosha kuzamisha chombo. Na kabla ya kuoga waulize wenyeji kuhusu mamba, hasa karibu na midomo ya mito.

Wenye siku nne au tano wanaishia hapa na kurudi nyumbani. Wenye siku saba waendelee kusoma.

Kitulo, na habari ya chikanda

Hifadhi ya Taifa ya Kitulo ilitangazwa mwaka 2005. Iko kwenye uwanda wa juu, mita 2,600 hivi, na ukubwa wake ni kilomita za mraba 412.9. Wenyeji huuita Bustani ya Mungu. Ni hifadhi ya kwanza katika Afrika ya kitropiki kuanzishwa hasa kwa ajili ya maua na mimea, si wanyama. Ina aina zipatazo 350 za mimea, na 45 kati ya hizo ni okidi.

Unaweza kuingia kupitia Isyonje, kwenye barabara ya Tukuyu, au kupitia Chimala na Matamba. Njia ya Chimala ina kona zinazopanda mlima moja juu ya nyingine, na jina lake linaeleza lenyewe: Hamsini na Saba. Wanaotapika garini wakae mbele.

Kwa nini msikilizaji wa Tunduma ajali habari ya maua? Kwa sababu ya chikanda. Ng'ambo ya mpaka, Zambia, viazi vidogo vya okidi za porini husagwa na kupikwa na karanga, vikatoka kitu kama mkate mzito unaokatwa vipande. Ni chakula chao cha asili na ni kitamu. Ila okidi za Zambia zilipopungua, wanunuzi waligeukia upande wetu. Utafiti uliofanywa mwanzoni mwa miaka ya 2000 ulikadiria kwamba mamilioni ya viazi hivyo yalikuwa yakichimbwa nyanda za juu kila mwaka na kuvushwa. Ukichimba kiazi umeua ua zima, halichipui tena. Kuilinda Kitulo kulitokana kwa sehemu na biashara hiyo. Kwa hiyo mgeni wa Songwe anayesimama Kitulo mwezi wa Februari akitazama maua hayo, anatazama kitu ambacho huenda aliwahi kukiona kikiwa ndani ya kiroba, kituo cha mabasi. Mwombe mwongozaji akuonyeshe ua na kiazi chake. Kukichimba hifadhini ni kosa, na kukisafirisha nje ya nchi kunahitaji kibali kwa kuwa biashara ya okidi za porini inadhibitiwa kimataifa.

Maua huchanua kati ya Novemba na Aprili, zaidi Desemba hadi Machi. Ndio wakati huohuo ambao barabara zina matope na Ngozi inateleza. Ukitaka yote mawili kwa safari moja utalipia kwa shida. Ushauri wetu ni kuchagua. Kama ni maua, nenda Kitulo msimu wa mvua na usipange Ngozi. Kama ni Ngozi na Matema, nenda kati ya Juni na Oktoba, na ukipita Kitulo ujue utaona nyasi na baridi. Juni na Julai asubuhi kule huweza kuwa na jalidi juu ya majani.

Iringa: Isimila na Kalenga

Kutoka Mbeya mpaka Iringa ni zaidi ya kilomita 300, kwa hiyo siku moja inakwenda na barabara. Tunaiweka hapa kwa sababu ndiyo magofu yetu ya karibu yenye historia kubwa, na kwa maoni yetu ndiyo sehemu ambayo mwongozaji anastahili hela yake yote.

Isimila iko kama kilomita 20 kabla ya kufika Iringa mjini. Ni korongo lenye nguzo ndefu za udongo zilizochongwa na maji. Mwaka 1951 mwanafunzi mmoja aliyekuwa akipita aliokota hapo mawe yaliyochongwa, na mwaka 1957 na 1958 wataalamu wakachimba. Walipata mashoka ya mawe kwa wingi sana, ambayo umri wake umekadiriwa kuwa miaka 260,000 hivi. Bila maelezo utayakanyaga ukidhani ni kokoto.

Kalenga ilikuwa makao ya Mtwa Mkwawa wa Wahehe. Tarehe 17 Agosti 1891 watu wake waliliangamiza jeshi la Wajerumani huko Lugalo na kumuua kamanda wake, Emil von Zelewski. Ngome ya Mkwawa ilikuwa na kuta za mawe na udongo kuizunguka Kalenga. Wajerumani walirudi na mizinga, na ngome ikaanguka mwishoni mwa Oktoba 1894. Yeye mwenyewe hakukamatwa. Alipigana vita vya msituni mpaka Julai 1898, alipojiua huko Mlambalasi baada ya kuzingirwa. Kichwa chake kilikatwa na fuvu likapelekwa Ujerumani.

Kinachofuata ndicho watu wengi hawakijui. Vita Kuu ya Kwanza ilipoisha, Mkataba wa Versailles wa mwaka 1919, ule uliogawa mipaka na kuweka fidia, uliweka pia kifungu cha kuitaka Ujerumani ilirudishe fuvu la Mkwawa ndani ya miezi sita. Haikutokea. Ikapita miaka 35. Gavana wa Tanganyika, Edward Twining, ndiye aliyekwenda kulitafuta kwenye jumba la makumbusho la Bremen, katikati ya mafuvu mengi, na kuchagua kwa vipimo. Tarehe 19 Juni 1954 lilikabidhiwa Kalenga, na lipo pale kwenye makumbusho mpaka leo. Wapo wanahistoria wanaotilia shaka kama lililochaguliwa ndilo lenyewe. Mwulize mwongozaji kwa adabu, maana pale ni mahali pa msiba wa watu, si duka. Vua kofia na uulize kabla ya kupiga picha.

Kuta zenyewe? Zimebaki vipande. Usiende ukitarajia Machu Picchu. Utaona vilima vidogo vya udongo kando ya nyumba na mashamba ya watu, na mtu atakunyooshea mkono akisema mzinga ulikaa kule, ukuta ulipita hapa, wao waliingilia hapa.

Kabla hujatoa hela

Vikundi vingi hujichanga kidogo kidogo kama mnavyochangia harusi, halafu mweka hazina anatuma fedha zote kwa namba ya mtu aliyempata kwenye simu. Usifanye hivyo. Kampuni ya kutembeza watalii inatakiwa kuwa na leseni ya TALA inayotolewa na wizara yenye dhamana ya utalii, na mwongozaji naye awe na leseni yake. Omba kuviona, hata kwa picha, na majina yafanane na ya akaunti mnayolipia. Mtu halali hakasiriki akiombwa leseni.

Viingilio vya serikali hulipwa kwa kumbukumbu namba, na unapata risiti. Kwa hiyo mwambieni atenganishe: hiki ni kiingilio, hiki ni gari na mafuta, hiki ni kulala, hiki ni chakula, hiki ni posho yangu. Akikataa kutenganisha, jueni kuna kitu kimejificha humo. Wapeni malipo ya awali yanayotosha kushika nafasi, na sehemu kubwa ilipwe siku ya kuondoka. Andikeni pia ni nani anayelipa gari likiharibika Chimala saa mbili usiku. Neno "tutaelewana" limeharibu safari nyingi.

Mtanzania hulipa kiingilio kwa shilingi, na ni kidogo sana ukilinganisha na mgeni. Beba kitambulisho cha NIDA ili usibishane getini. Kama mnafuatana na ndugu kutoka Nakonde, yeye ni raia wa Zambia na atahesabiwa mgeni, hata kama mmezaliwa nyumba moja. Mweleze mapema asije akafedheheka mbele ya geti.

Kundi la watu saba linajaza Noah moja na gharama ya kila mtu inashuka sana. Mkizidi kumi na mbili, Ngozi inakuwa shida, maana mwongozaji mmoja hawezi kuwa mbele na nyuma kwa wakati mmoja. Dai wawili. Wa pili anaweza kuwa kijana wa kijiji kile kile, na hiyo ni hela inayobaki pale. Wapo vijana wa Ndolezi na Isongole wanaoijua milima yao kuliko mtu yeyote wa mjini, ila hawana karatasi. Kampuni yenye leseni ikiwachukua kama wasaidizi, nyinyi mnafaidi na wao wanajifunza kazi.

Mwili na mzigo

Mwenye shinikizo la damu, kisukari, pumu au mimba amwambie mwongozaji kabla, si katikati ya mlima. Dawa zikae mfukoni mwa mwenyewe, zisiwe kwenye begi lililobaki garini. Aliyenazo kadi za bima ya afya azibebe.

Viatu viwe vyenye meno na viwe vimeshavaliwa. Ndala ni za Matema. Beba sweta zito hata kama Vwawa kuna jua, tochi, maji lita mbili kwa mtu kwa siku ya kupanda, na chaja ya mkononi kwa sababu mtandao ukipotea simu humaliza betri ikiutafuta. Neti ya mbu itakusaidia Kyela na Matema, ambako malaria ni kubwa kuliko huku kwetu juu.

Mwisho wa safari ni desturi kumpa mwongozaji na dereva kitu cha asante juu ya malipo. Si lazima na hakuna kiwango. Mkiwa Tukuyu na hamna cha ziada, mwambieni ndaga fijo, atacheka. Kabla ya kuondoka nyumbani acheni majina ya wote, namba ya gari na namba ya mwongozaji kwa mtu anayebaki, na mwambieni siku na saa mnayotarajia kurudi ili ajue lini aanze kuwatafuta.